Marc Bekoff na hisia za wanyama: maswali tunayoulizwa mara kwa mara hapa Uganda

Maswali haya yametoka kwa wanafunzi wa klabu yetu ya wanyama, wazazi wao, wafugaji na vijana wa bodaboda wa hapa Masindi. Tunayajibu kwa Kiswahili kwa sababu huku kwetu Mnyoro, Mwalur, Mlugbara na Mwacholi wakikaa benchi moja, hiyo ndiyo lugha inayowakutanisha.

Marc Bekoff ni nani?

Ni mwanasayansi wa Marekani, mzaliwa wa Brooklyn, New York, mwaka 1945. Kwa miongo kadhaa alifundisha ekolojia na elimu ya mageuko ya viumbe katika Chuo Kikuu cha Colorado mjini Boulder, ambako sasa ni profesa mstaafu. Kazi yake ni kuchunguza mienendo ya wanyama: wanavyocheza, wanavyogombana, wanavyopatana na wanavyoagana. Mwaka 2000 chama cha wanasayansi wa fani hiyo kilimpa tuzo kwa mchango wake wa miaka mingi.

Tunamfundisha watoto wetu kwa sababu alisema hadharani jambo ambalo wenzake wengi waliogopa kulisema. Alipoanza kazi, mtafiti aliyeandika kwamba mbwa amefurahi alilazimika kuliweka neno hilo kwenye alama za nukuu, kama mtu anayeomba radhi. Bekoff aliziondoa alama hizo. Akaleta ushahidi, na juu ya ushahidi akauliza swali zito zaidi: kama wanahisi, basi sisi tunapaswa kuwatendea vipi?

Ni kweli aliacha masomo ya udaktari kwa sababu ya paka?

Ndiyo. Akiwa kijana alijiunga na masomo ya pamoja ya udaktari na utafiti, ambamo paka walifanyiwa majaribio kisha wakauawa. Ameeleza kwamba kulikuwa na paka mmoja aliyempa jina kwa siri. Siku ya kumuua ilipofika, paka yule alimkazia macho. Bekoff aliifanya ile kazi huku machozi yakimtoka, na baadaye akayaacha masomo yale.

Hakuiacha sayansi. Alikwenda Chuo Kikuu cha Washington kilichoko St. Louis, akapata mwalimu aliyekuwa akichunguza jamii ya mbwa, na mwaka 1972 akahitimu uzamivu. Wanafunzi wetu huambiwa kwamba mwenye roho ya huruma hafai kuwa mwanasayansi. Mtu huyu alikuwa nayo tangu mwanzo, na ndiyo iliyomwelekeza kwenye swali lililompatia jina.

Aligundua nini hasa?

Mengi, lakini la msingi ni kuhusu mchezo. Alikaa miaka akitazama mbwa wa nyumbani, mbwa mwitu wa Amerika, na koyoti, ambaye ni mnyama wa Amerika anayefanana na bweha wetu. Aliwarekodi, kisha akairudia filamu polepole, picha moja moja, mpaka akaona mambo ambayo jicho la kawaida haliyawahi.

Mbwa anayetaka kucheza huinama mbele ya mwenzake: kifua na miguu ya mbele chini, makalio juu. Kila mtu ameliona hilo. Bekoff alionyesha kwamba ishara hiyo haitolewi ovyo. Hutolewa mwanzo wa mchezo, na hurudiwa katikati, hasa kabla au mara baada ya kung'ata kwa kutikisa kichwa, kitendo ambacho mwenzake angeweza kukidhania ugomvi wa kweli. Maana yake ni kama kusema: samahani, bado tunacheza. Mkubwa naye hujipunguzia nguvu. Hung'ata polepole, hulala chali, hukubali kukimbizwa na mdogo wake.

Na anayedanganya? Kuna koyoti anayeinama kualika mchezo kisha anashambulia kweli. Wenzake humwepuka. Akikosa wa kucheza naye, hakazi uhusiano na kundi, huishia kujitenga, na wanaojitenga hufa zaidi kuliko wanaobaki pamoja. Hapo ndipo Bekoff alipopata hoja yake kubwa: uaminifu, kupeana nafasi na kusameheana vina mizizi mirefu, na binadamu hakuvianzisha peke yake.

Usichukue neno letu tu. Jioni, jua likipoa, nenda uwanja wa shule wowote hapa mjini. Sisi tulikaa na wanafunzi kando ya goli, tukatazama mbwa jike mmoja wa rangi ya udongo, mwenye sikio lililopasuka, akicheza na mtoto wa mbwa ambaye hafiki hata tumboni mwake. Mdogo aliporuka akamng'ata shavu, jike alijiangusha chini mwenyewe. Kisha yeye akamng'ata mdogo, kidogo kwa nguvu, yule akalia. Papo hapo jike akarudi nyuma hatua moja, akainama, akangoja. Mdogo alimtazama, akasogea, mchezo ukaendelea. Msichana mmoja wa darasa la sita alisema, "Mwalimu, ameomba msamaha." Hivyo ndivyo Bekoff anavyoandika, ila yeye ana miaka ya filamu nyuma yake.

Mnyama hasemi. Mnajuaje kwamba anahisi?

Mtoto mchanga hasemi pia, na hakuna mama anayetilia shaka maumivu yake. Tunasoma mwili, sauti na anachochagua kufanya.

Charles Darwin aliandika mwaka 1871 kwamba akili za binadamu na za wanyama wa juu zinatofautiana kwa kiwango, si kwa aina, na mwaka 1872 akatoa kitabu kizima kuhusu hisia. Tangu hapo ushahidi umerundikana. Sehemu za ubongo zinazohusika na hofu na raha kwetu zipo pia kwa ng'ombe, mbwa na panya, na kemikali kama dopamini na oksitosini zinafanya kazi ndani yao kama ndani yetu. Jaak Panksepp, mtafiti mzaliwa wa Estonia, alionyesha kwamba panya wakitekenywa hutoa mlio mwembamba ambao sikio letu haliusikii, na huufuata mkono uliowatekenya wakitaka tena. Mwaka 2011 watafiti wa Chicago waliona panya akijifunza kufungua mlango wa kizuizi ili kumtoa mwenzake aliyebanwa, hata pale ambapo karibu yake palikuwa na chokoleti.

Mwaka 2012 kundi la wanasayansi wa ubongo lilikutana Cambridge, Uingereza, na kutamka kwamba mamalia wote, ndege, na viumbe wengine kama pweza wana mifumo ya ubongo inayozalisha fahamu. Mwaka 2024 likafuata tamko la New York lililokwenda mbali zaidi, likisema uwezekano huo upo hata kwa samaki na wadudu, na kwamba si haki kuupuuza tunapoamua mambo yanayowahusu.

Huko si kuwavika wanyama ubinadamu?

Lawama hii amerushiwa tangu ujanani. Jibu lake ni zuri, nasi tunalishika. Meneja wa bustani ya wanyama akisema tembo wake ana furaha, hakuna anayemkemea. Mtu mwingine akisema tembo yuleyule ana huzuni, anaambiwa anamvika mnyama ubinadamu. Kipimo hakiwezi kuwa kimoja kwa furaha na kingine kwa huzuni.

Binadamu hana maneno mengine zaidi ya aliyonayo. Tunatumia maneno yetu, lakini kwa uangalifu, tukikumbuka kwamba furaha ya mbwa ni ya mbwa. Pua yake inampa dunia ambayo sisi hatuijui kabisa.

Wanyama huomboleza?

Bekoff ameandika juu ya ndege wa jamii ya kunguru aliowaona karibu na Boulder. Mmoja wao alikuwa amekufa kando ya barabara, na wanne wamemzunguka. Mmoja alisogea akamgusa kwa mdomo taratibu, akarudi nyuma. Wa pili akafanya hivyohivyo. Kisha mmoja akaruka, akaleta majani, akayaweka pembeni ya maiti, na mwingine naye akaleta. Walisimama kidogo, wakaondoka mmojammoja.

Kenya, katika hifadhi ya Samburu, alionyeshwa tembo jike kilema aitwaye Babyl. Kundi lake lilikuwa likitembea, linasimama, linageuka kumtazama alipofika, ndipo linaendelea. Halikuwa na faida ya wazi ya kumngoja.

Na hapa kwetu, msitu wa Budongo, watafiti wameandika juu ya sokwe mtu wanaobeba watoto wao waliokufa, wengine kwa siku kadhaa. Ukisimuliwa na mtu aliyefuata kundi hilo asubuhi hadi jioni, huulizi tena kama ni huzuni.

Uganda ina mchango gani katika elimu hii?

Mkubwa sana, na inauma kwamba watoto wetu wanausikia kwa wageni kwanza.

Budongo iko hapa jirani. Kituo cha utafiti kilianzishwa na Vernon Reynolds mwaka 1990, na vijana wa vijiji vya kando ya msitu ndio wanaowafuata sokwe kila siku. Wanamjua kila mmoja kwa sura, tabia na ukoo. Mwaka 2025 ilichapishwa taarifa kwamba sokwe wa Budongo hutafuna majani na kuyapaka kwenye vidonda, vyao na vya wenzao, wakiwemo wasio ndugu zao. Kumtibu asiye wako, bila malipo: Bekoff amekuwa akisema miaka yote kwamba hilo lipo.

Katika msitu wa Kibale, karibu na Fort Portal, watafiti wa kituo cha Kanyawara waliandika mwaka 2010 kwamba sokwe wadogo hubeba vijiti kama watoto wa kuchezea, na wa kike hufanya hivyo zaidi ya wa kiume. Wengine huingia navyo kwenye kitanda chao cha majani. Ukifika Ngogo, ndani ya Kibale hiyohiyo, utakuta jamii ya sokwe iliyowahi kuwa kubwa kuliko zote zinazojulikana.

Halafu yupo Dk. Gladys Kalema-Zikusoka, Mganda mwenzetu, daktari wa wanyamapori aliyeanza kazi hiyo serikalini mwaka 1996. Aliona kwamba sokwe wa milimani (gorila) wa msitu wa Bwindi wanaambukizwa maradhi ya ngozi na watu wa jirani waliokosa huduma. Akaunganisha afya ya watu na afya ya wanyama katika shirika moja, tangu 2003. Ukitaka kuona huruma iliyogeuka kuwa kazi, tazama hapo.

Watoto wetu wanakosa dawa, nyinyi mnahangaika na wanyama. Kwa nini?

Hili ndilo swali tunaloulizwa kuliko yote, na anayeuliza mara nyingi ameamka alfajiri akakuta shamba la mahindi limelazwa chini na tembo, au nyani wamemaliza muhogo. Hatumwambii avumilie tu. Mkulima aliyepoteza chakula cha mwaka anastahili msaada wa haraka, uzio, mizinga ya nyuki ambayo tembo huiogopa, na haki yake katika ile asilimia 20 ya viingilio vya hifadhi ambayo sheria inaitenga kwa jamii za jirani. Fedha hizo zikichelewa au zikipotelea njiani, chuki dhidi ya wanyama huongezeka, na lawama si ya mkulima.

Lakini hatukubali kwamba huruma ni kibaba, ukimpimia mnyama unampunguzia mtu. Nenda Gulu. Francis Okello Oloya alipoteza macho akiwa na miaka 12, alipokuwa akilima shambani kwao na jembe likagonga bomu lililoachwa na vita. Shuleni bweni, usiku, mbwa ndio waliomsaidia kupata njia ya kwenda chooni. Alipokua alianzisha mradi unaowaunganisha watu waliojeruhiwa nafsi na vita vya kaskazini na mbwa waliokuwa hawana mwenyewe. Mtu anajifunza kumlisha mbwa, kumwogesha, kumfundisha, na mbwa anamkaa karibu usiku jinamizi linapokuja. Mradi huo unaambatana na chanjo na kufunga uzazi wa mbwa, na mbwa aliyechanjwa hamuui mtoto wa mtu kwa kichaa. Hapo nani amesaidiwa, mtu au mnyama?

Mitego ya waya inahusiana vipi na hisia?

Mitego ya msituni huwekwa kwa ajili ya paa na nguruwe mwitu, lakini haichagui. Sokwe anaweka mkono, waya unakaza, anavuta, unakaza zaidi. Anaukata waya kwenye mti lakini kitanzi kinabaki kikila nyama kwa wiki nyingi. Huko Budongo wapo kadhaa waliobaki bila vidole au bila kiganja, na wanajifunza upya kupanda miti na kulea.

Simba Jacob wa hifadhi ya Queen Elizabeth alipoteza mguu kwa mtego mwaka 2020. Mapema 2024 yeye na nduguye Tibu walipigwa picha usiku wakivuka mfereji wa Kazinga kwa kuogelea, zaidi ya kilomita moja, kwenye maji yenye viboko na mamba. Watu wengi walishangilia ushujaa. Sisi tungependa wanafunzi wakumbuke na ule mguu.

Bekoff ni miongoni mwa wanaosema uhifadhi usihesabu spishi tu, kwamba kila mnyama mmojammoja ana uzito wake. Hapa Budongo wazo hilo limepata sura ya kwetu: kituo kimewaajiri watu wa kutegua mitego, na kimewapa mbuzi wawindaji waliokubali kuacha, pamoja na huduma ya mifugo. Anayewinda kwa sababu ya njaa ukimpa jela peke yake, mtoto wake atarudi na waya uleule.

Bekoff hali nyama. Mnataka na sisi tuache?

Yeye ameacha, na anaeleza sababu zake bila kuficha. Sisi hatumpangii mtu sahani yake. Tunachosema ni kwamba njia ya kutoka zizini hadi sufuriani ni ndefu, na mateso mengi yaliyomo humo hayamnufaishi mtu yeyote.

Chukua kuku anayening'inizwa kichwa chini kwenye usukani wa bodaboda kutoka Kigumba hadi hapa. Kuku hana kiwambo kama chetu cha kutenganisha kifua na tumbo. Akigeuzwa, utumbo na ini hulalia mifuko ya hewa, na anapumua kwa shida njia nzima, juani. Tenga la miti lenye nafasi za hewa linafungwa nyuma ya pikipiki ileile. Vijana wa stendi walituambia hata wanunuzi wanapenda hivyo, kuku hafiki amekufa wala na mabawa yaliyovunjika. Mbuzi naye asifungwe miguu minne akalazwa kwenye bomba la moshi. Machinjioni, wa pili asisimamishwe pale anapomwona wa kwanza akichinjwa.

Dini zetu zinasemaje?

Wazazi Waislamu na Wakristo wametuuliza hili kwa wasiwasi, hasa kuhusu mbwa. Kurani, sura ya 6 aya ya 38, inasema wanyama wa ardhini na ndege ni umma mfano wetu. Hadithi sahihi inamtaja mtu aliyeshuka kisimani, akajaza maji kiatu chake, akamnywesha mbwa aliyekuwa akilamba udongo kwa kiu, na Mwenyezi Mungu akamsamehe. Mtume pia aliagiza mchinjaji anoe kisu chake. Katika Biblia, Mithali 12:10 inasema mwenye haki huufikiri uhai wa mnyama wake. Unaweza kulinda twahara ya nyumba yako na bado ukamwekea mbwa maji nje.

Kuna sheria?

Ipo. Sheria ya kuzuia ukatili kwa wanyama iko katika vitabu vya Uganda tangu 1957, na Sheria ya Wanyamapori ya 2019 ina adhabu kali. Aliyemuua Rafiki, gorila dume kiongozi wa kundi moja la Bwindi, mwaka 2020, alihukumiwa miaka 11. Kwa punda anayepigwa sokoni, hatujaona sheria ya kwanza ikitumiwa inavyostahili. Tunawaomba viongozi wa LC, yaani mabaraza ya mitaa, waisome.

Bekoff na Jane Goodall walifanya nini pamoja?

Goodall alikuwa mtafiti Mwingereza wa sokwe. Mwaka 2000 yeye na Bekoff walianzisha umoja wa wanasayansi wa mienendo ya wanyama wanaotetea wanyama watendewe kwa maadili, na waliandika pamoja. Bekoff pia alibeba mpango wa vijana wa Goodall, ulioanzia Dar es Salaam mwaka 1991, akaupeleka hata kwa wafungwa wa jela ya Boulder. Goodall alifariki Oktoba 2025 akiwa na miaka 91. Taasisi yake ilikuwa miongoni mwa waanzilishi wa hifadhi ya kisiwa cha Ngamba, Ziwa Viktoria, mwaka 1998, ambako sokwe yatima waliookolewa kutoka kwa wafanyabiashara haramu wanaishi hadi leo.

Mtoto wangu anaitaka kazi hii. Aanzie wapi?

Makerere ina masomo ya tiba ya mifugo na ya zuolojia, na ina kituo chake cha utafiti Kanyawara. Kasese kuna taasisi ya serikali ya mafunzo na utafiti wa wanyamapori. Kazi ya msaidizi wa utafiti Budongo au Kibale ni mlango pia, na haihitaji shahada.

Wala asidhani ni lazima awe na vifaa vya gharama. Bekoff aliwahi kufanya utafiti akiwa na glavu tu na mbwa wake Jethro. Majira ya baridi kadhaa, walipotembea, alichota theluji yenye mkojo wa mbwa na kuihamishia mbele ya njia, kisha akapima Jethro ananusa kwa muda gani. Jethro alinusa mkojo wake mwenyewe kwa muda mfupi kuliko wa wenzake. Utafiti huo ulichapishwa mwaka 2001.

Mtoto achague mnyama mmoja wa nyumbani, mbuzi au kuku, na daftari. Kila jioni, saa ileile, aandike nani yuko karibu na nani, masikio au mabawa yako vipi, nani kamfuata nani, sauti gani imetoka. Aandike alichokiona upande wa kushoto wa ukurasa, na anachodhani mnyama amehisi upande wa kulia, asivichanganye. Akifikisha mwezi, alete daftari klabuni Jumamosi, tulisome pamoja.